Mkono unaovuta: miezi minne ya kujifunza kutua na ndege ya kwenye kompyuta

Nilivunjika mguu wa kulia mwezi wa nne mwaka jana, masika yakiwa yamekolea, kwenye kona ya tope nje kidogo ya mji wa Moshi. Nilikuwa na mwaka wa saba kwenye bodaboda. Namshukuru Mungu sikuwa na abiria. Tairi la mbele lilipoanza kuteleza, mkono wangu ulikamata breki ya mbele ukaiminya yote. Kila dereva wa pikipiki anajua kwamba breki ya mbele kwenye tope ni kulala chini, na mimi nilikuwa nawafundisha vijana wapya jambo hilo hilo pale kijiweni. Mkono haukunisubiri.

Habari ya mkono huo nitairudia, kwa sababu ndiyo iliyonisumbua kwenye ndege pia.

Nilifungwa POP kutoka pajani hadi karibu na vidole, nikaambiwa nihesabu wiki kumi na mbili na zaidi. Dada yangu alinichukua kwake. Mwanawe, mpwa wangu, anasoma chuo cha ufundi na alikuwa amerudi nyumbani kwa mafunzo ya vitendo hapo hapo mjini. Asubuhi akitoka aliniachia kompyuta yake ili nisishinde nikitazama dari. Siku ya tatu akanifungulia mchezo unaoitwa GeoFS. Haupakuliwi. Unafungua brauza, ukurasa unakuja, na dunia nzima iko pale kwa picha za satelaiti, pamoja na viwanja vya ndege vya kweli. Unachagua ndege na uwanja, unaruka. Hakuna adui wala pointi wala hatua za kuvuka. Kuna hewa, uzito, injini na wewe.

Siku hiyo niliruka kutoka Dar es Salaam, nikageuza juu ya bahari, nikalia. Sikutegemea. Nilikuwa sijatoka ndani ya chumba kile kwa siku kumi na tisa.

Kupaa si kazi. Mtu yeyote anaweza kupaa baada ya dakika kumi: unafungua mafuta yote, unasubiri mwendo, unainua pua. Kazi yote iko kwenye kutua, na mimi katika majaribio yangu arobaini ya kwanza nilitua salama mara tatu. Nayaandika haya kwa ajili ya mtu aliyekwama hapo, anayeona kila akiukaribia uwanja ndege inamgeuka.

Kosa langu la kwanza lilikuwa kuchagua Airbus A380. Niliichagua kwa sababu ni kubwa kuliko ndege zote za abiria, na nilikaa nayo wiki mbili nzima. Ndege ile ikijaa ina zaidi ya tani 500. Ukiivuta haiji pale pale, na ukiiachia haiachi pale pale. Unafanya kosa sasa, matokeo yanafika baadaye, na katikati umeshafanya mengine matatu juu yake, kwa hiyo hujui ni lipi lililokuangusha. Mpwa wangu alinitazama jioni moja akasema, "Mjomba, mbona unajifunzia kwenye semitrela? Anza na ndogo." Akanipa Cessna 172.

Sikujua kwamba ndiyo ndege ambayo marubani wengi duniani wamejifunzia. Ilianza kuuzwa mwaka 1956, na zimetengenezwa zaidi ya 44,000. Ina injini moja mbele, mabawa juu ya kichwa cha rubani, uzito wa tani moja na kidogo ikiwa imejaa. Inajibu haraka na inasamehe. Kama unaanza leo, anza nayo, usiiache kwa mwezi mzima hata ukichoka na sura yake.

Kosa la pili lilikuwa la fedha, na hili linaniuma kuliko yote. Mchezo ni wa bure lakini picha za ardhi zinakuja kwa intaneti muda wote unaporuka. Mimi nilikuwa naruka huku na huko, leo Nairobi, kesho Muscat, keshokutwa Alps, na kila nchi mpya ilikuwa inakula bando upya. Mwezi wa kwanza nilitumia shilingi 38,000. Sikuwa na kipato. Zilitoka kwenye akiba ya matengenezo ya pikipiki, na zilipokwisha, nilichukua shilingi 10,000 aliyoniachia dada ya nauli ya kliniki. Nikamwambia kliniki wameahirisha.

Alijua siku ya pili yake. Hakupiga kelele. Alikaa kwenye ukingo wa kitanda akasema, "Kaka, mimi nauza ndizi kwa ajili ya mguu huo." Akatoka. Tulikaa siku nne bila kusemezana zaidi ya salamu, na kompyuta niliifunga mwenyewe siku zote nne.

Baada ya kuomba radhi tulikubaliana kiasi: bando la shilingi 3,000 kwa wiki, likiisha limeisha. Kizuizi hicho kilinisaidia kuliko ushauri wowote. Nililazimika kukaa uwanja mmoja. Ukizunguka uwanja ule ule, picha nyingi brauza imeshazihifadhi na matumizi yanapungua sana. Niliteremsha pia ubora wa picha kwenye mipangilio hadi chini. Miti na nyumba zilipungua uzuri, lakini mchezo uliacha kukwama, na kwenye kutua, ulaini wa mwendo una faida kuliko uzuri wa mandhari. Kompyuta iwe kwenye chaji, maana nyingi zikiwa kwenye betri zinajipunguza nguvu. Funga kurasa nyingine zote. Nilikuwa nikilaumu mikono yangu kwa makosa ambayo mengine yalikuwa ya mashine kuganda nusu sekunde wakati ndege iko futi hamsini juu ya lami.

Sasa nije kwenye herufi R. Kwenye mchezo huu ukibonyeza R, safari inaanza upya. Ndege ikianza kwenda kombo, kidole changu kilikuwa kimeshafika R kabla haijagusa ardhi. Sikutaka kuiona ikianguka. Nadhani baada ya ajali yangu nilikuwa siwezi kutazama kitu kikienda chini. Lakini kila R niliyobonyeza ilifuta ushahidi. Wiki tano zilipita, na sikuweza kumwambia mtu kwa nini naanguka, ila kwamba "inakataa".

Mpwa wangu alifanya jambo dogo. Alisimamisha simu yake juu ya rundo la vitabu nyuma ya bega langu, akarekodi kioo pamoja na mkono wangu kwenye mausi, majaribio kumi mfululizo, akanikataza kugusa R. "Ikianguka iache ianguke, Mjomba. Tutaangalia pamoja."

Tuliangalia usiku ule, dada akiwa ameshalala. Kwenye jaribio la kwanza, ndege ikiwa chini ya futi 300, mkono wangu unavuta mausi kuelekea kifuani. La pili, vile vile. Kumi zote. Kila nilipoogopa kwamba niko chini mno, nilivuta pua juu, ndege ikapanda kidogo kama inayonitii, mwendo ukapungua, halafu ikaanguka kama jiwe. Nilitazama mkono wangu kwenye video ile ndogo nikauona ule wa kwenye kona ya tope. Ni mkono ule ule. Ukiogopa, unakamata, na unakamata kitu kinachoua.

Kinachotokea ni hiki, kwa jinsi mpwa alivyonieleza kwa kalamu na karatasi. Bawa linashikilia ndege kwa kuipiga hewa kwa pembe ndogo. Ukiinua pua, pembe inakua, bawa linabeba zaidi, na kwa sekunde moja au mbili unaona raha. Lakini pembe ikikua, hewa nayo inaivuta ndege nyuma zaidi, mwendo unashuka. Pembe ikizidi kiasi fulani, kwa mabawa mengi karibu digrii 15, hewa haiwezi tena kuufuata mgongo wa bawa. Inabanduka, na bawa linaachia. Dawa yake ni kusukuma pua chini ili hewa ishike tena, kisha kuongeza mafuta. Sasa uko futi 200, ardhi inakujia, na dawa ni kuielekeza pua kwenye ardhi hiyo hiyo! Mwili wote unakataa.

Kwa hiyo huwezi kujifunzia dawa hiyo karibu na ardhi. Kajifunzie juu. Nilianza kila siku kwa dakika kumi na tano nikiwa futi 5,000 juu ya bahari ya Zanzibar, ambapo hakuna cha kugonga. Napunguza mafuta yote, navuta taratibu, naangalia geji ya mwendo ikishuka: noti 70 (hizo ni maili za baharini kwa saa), 60, 50, kisha pua inadondoka yenyewe. Nasukuma mbele kidogo, naongeza mafuta, narudi kwenye mstari. Mara kumi. Kesho mara kumi. Baada ya wiki moja na nusu mkono ulianza kusukuma kabla sijauambia, na hapo ndipo nilipojua kwamba mkono unafundishika. Sikuwa naamini hivyo tangu ajali.

Jambo jingine lililonigeuza kichwa: kwenye kushuka kutua, pua inashika mwendo, mafuta yanashika kimo. Nilikuwa nafanya kinyume. Nikiwa chini ninavuta pua, nikiwa na mwendo mdogo naongeza mafuta. Ni mantiki ya barabarani, ambako mafuta ndiyo mwendo. Hewani, mwendo ukipungua shusha pua kidogo. Ukiwa chini ya unapotaka, ongeza mafuta na uache pua ilipo. Vitu viwili vinagusana, siyo kwamba kila kimoja kina chumba chake, lakini ukianza na kanuni hiyo ndege inaacha kupanda na kushuka kama mashua kwenye mawimbi.

Nilinunua daftari la kurasa 96. Kila kutua niliandika mistari minne: mwendo nilipovuka mwanzo wa njia ya kurukia, kasi ya kushuka wakati magurudumu yanagusa, nimegusa sehemu gani ya njia, na sababu ya kosa kwa maneno yangu. Wiki ya kwanza ya daftari ilionyesha jambo ambalo sikulishuku. Nilipoacha kuanguka kwa kukosa mwendo, nilianza kuja na mwendo mwingi mno: 85, 88, mara moja 97. Niliona ni usalama. Ndege ikifika mita chache juu ya lami haishuki, inaelea, inaelea, na njia inakwisha. Karibu na ardhi, kwa kimo cha kama nusu ya urefu wa mabawa, hewa iliyo chini inapunguza uvutano wa nyuma na ndege inateleza mbali zaidi. Kwa Cessna yenye mabawa ya mita 11 hiyo ni mita tano na ushee. Na mwendo hauhesabiwi kama unavyodhani: ukija na noti 85 badala ya 65, nishati unayopaswa kuimaliza haijaongezeka kwa theluthi moja, imeongezeka kwa asilimia 71, kwa sababu mwendo unajizidisha wenyewe.

Namba zangu za mwisho, zile ambazo bado ninazitumia, ni hizi. Nainua pua kupaa kwenye noti 55. Napanda na 75. Nikiwa futi 1,000 juu ya uwanja nazunguka kwa mstatili, uwanja ukiwa kushoto kwangu ili niuone. Nashusha flapu, vile vipande vya nyuma ya bawa, kwa hatua, siyo zote kwa mkupuo. Mstari wa mwisho ninakuja na 65. Kasi ya kushuka naipata kwa kuzidisha mwendo wangu mara tano: 65 mara tano ni 325, basi geji ya kushuka inapaswa kusoma kama futi 300 hivi kwa dakika. Ikisoma 700 nimechelewa kushuka na sasa ninajidondosha. Nikiwa futi 500 juu ya ardhi najiuliza: niko kwenye mstari, mwendo uko sawa, kushuka kuko sawa? Kimoja kikikosekana, sitatua.

Kona ya mwisho kabla ya kuelekea njia ilinimaliza mara nyingi. Unachelewa kugeuza, unaona unaipita njia, unailaza ndege zaidi ili uiwahi. Ndege iliyolala inahitaji mwendo mkubwa zaidi ili bawa lisiachie. Cessna inayoachia kwenye noti 48 ikiwa imenyooka na flapu zimefungwa, ukiilaza digrii 60 na kuivuta ili isishuke, itaachia kwenye noti 68 hivi. Mimi nilikuwa kwenye 65. Tangu nilipojua hivyo sizidishi digrii 30, na nikiipita njia, nimeipita.

Kuacha kutua kulinichukua muda kukubali. Unafungua mafuta yote, unaweka pua sawa, unasubiri mwendo, unapanda, unakunja flapu kidogo kidogo, unazunguka tena. Hakuna kinachopotea ila dakika nne. Lakini mtu aliyelelewa na bodaboda ana deni moyoni, abiria yuko nyuma na lazima afike, na akirudi nyuma ameshindwa. Kwenye daftari langu nina ukurasa mzima ambao makosa yote yanasema "nililazimisha". Nilipoanza kuhesabu kuacha kutua kama jaribio lililofaulu, na kuliwekea alama ya vema, idadi ya kuanguka ilishuka wiki ile ile.

Nilipojiona nimeiva Zanzibar, ambako uwanja uko karibu sawa na bahari, nilihamia Uwanja wa Kimataifa wa Kilimanjaro. Ni karibu na nyumbani, ndege zake nazisikia usiku. Nikapaa, nikazunguka, nikaona geji ya kimo inasoma futi 3,500, nikasema niko juu sana. Nikashuka. Kwenye 3,000 nilikuwa natafuta njia kwa macho, na majani yalikuwa tayari yamejaa kioo kizima. Geji inahesabu kutoka usawa wa bahari, na uwanja huo wenyewe uko zaidi ya futi 2,900. Futi 3,000 pale ni urefu wa jengo la ghorofa chache. Kabla ya kuruka uwanja wowote andika kimo chake kwenye karatasi, ongeza 1,000, hicho ndicho kimo chako cha kuzunguka. Kwa huu wetu ni 3,900. Njia yake ni rafiki kwa anayejifunza: takriban mita 3,600, imelala mashariki na magharibi, ndiyo maana ina namba 09 upande mmoja na 27 upande wa pili, yaani digrii 90 na 270 za dira zikiwa zimekatwa sifuri ya mwisho.

Ukiwa pale, Mlima unakuita. Nilitaka kuvuka Kibo, kilele kirefu cha Kilimanjaro. Nimekua nikiutazama kutoka chini, nilitaka mara moja niuone kutoka juu. Niliielekeza Cessna kaskazini mashariki, mafuta yote, pua juu. Futi 8,000, 10,000, 12,000, kupanda kukazidi kuwa kwa shida, na karibu na 14,000 ikagoma. Nikavuta. Mkono wa zamani! Mwendo ukashuka, bawa likaachia juu ya msitu. Kibo ina mita 5,895, zaidi ya futi 19,300. Kule juu mgandamizo wa hewa ni kama nusu ya ule wa pwani. Injini inakosa hewa ya kuchomea mafuta, na bawa linakosa hewa ya kulalia. Cessna 172 ya kweli mwisho wake ni kama futi 14,000, na hata Meru yenye mita 4,566 haiwezi kuivuka kileleni. Niliuzunguka Mlima kwa pembeni siku iliyofuata, kwa futi 11,000, nikatumia karibu bando la wiki nzima. Silijutii hilo.

Kuhusu mwili, nisiliache. Mwezi wa pili nilikuwa nakaa saa sita kwa siku, mguu ukining'inia, na vidole vikavimba hadi rangi ikabadilika. Mtu wa mazoezi ya viungo aliniuliza nilikuwa nafanya nini, nikamwambia ukweli, akanionyesha kuuweka mguu juu ya stuli yenye mto, juu kuliko nyonga. Kifundo cha mkono kiliuma pia, kwa sababu nilikuwa naushika mausi kwa nguvu kama klachi. Shika mausi kwa vidole vitatu, kiwiko kiwe mezani. Ukihisi unaminya, bonyeza P isimame, pumua, soma geji zote, halafu endelea. Herufi P ndiyo iliyochukua nafasi ya R kwangu. Na usiruke usiku wa manane. Daftari langu linaonyesha kuwa kutua kwangu kwa baada ya saa tano usiku kulikuwa kubaya kuliko kwa asubuhi karibu kila siku, na bado asubuhi nilikuwa naamka na hasira kwa watu ambao hawajanikosea.

POP ilitolewa mwezi wa saba, nikaanza na magongo mawili, kisha moja. Mwishoni mwa Agosti mpwa alitakiwa kurudi chuoni na kompyuta yake. Daftari lilikuwa na kutua 231. Katika hamsini za mwisho, nilifika salama mara 44, nikaacha kutua na kuzunguka mara tano, nikaanguka mara moja.

Jioni moja kabla hajaondoka, dada aliingia na kiti chake akakiweka kando yangu. Hakuwahi kukaa pale tangu ule mgogoro wa nauli. Akaweka simu mezani, alikuwa amenunua bando mwenyewe. Akasema aliwahi kwenda Unguja mara moja tu, kwa meli, harusini, akatapika njia nzima hata bahari hakuiona. "Nipeleke kwa ndege," akasema.

Tukapaa Dar es Salaam. Ni kama dakika ishirini na tano kwa Cessna. Alikuwa anauliza kila kisiwa kidogo kinachotokea chini, na vingine sikuvijua majina. Unguja ikaja upande wa kulia, nikaingia kwenye mzunguko, flapu hatua ya kwanza, ya pili. Nikageuza mstari wa mwisho kutokea kusini. Mashine ikaganda kidogo, na iliporudi nilikuwa chini kuliko nilivyotaka, noti 58 zikielekea 55, na mapaa ya mabati yakiwa karibu. Niliusikia mkono ukitaka kuvuta. Nikasukuma pua kidogo, nikafungua mafuta yote, tukapita juu ya njia nzima bila kugusa.

"Mbona tumepita?" dada akauliza.

"Haikuwa imekaa sawa. Nazunguka tena."

Akajifunga kanga vizuri mabegani, akaegemea kiti. "Zunguka taratibu, baba. Upande huu sijauangalia."